Shehe wa Ng'ambo ya Mto

Simu ya Bi Tausi ilimkuta Mzee Felisian shambani kwake Mugango, ameinamia mihogo, na kama angejua inaleta nini angeiacha ilie mpaka ikate. Lakini hakujua. Alijifuta udongo kwenye suruali, akapokea kwa furaha yote, maana Tausi alikuwa ametoka hospitali juzi tu baada ya kulazwa miezi miwili Mwanza, na watu walishaanza kulitaja jina lake kwa kunong'ona.

"Kaka, nimepona!" Tausi alikuwa anapiga kelele kama vile hakuna simu katikati. "Wamenipima tena, wameniambia nirudi nyumbani nikale."

"Mungu ni mwema, dada. Huku wifi yako Gaudensia alikuwa anawasha mishumaa kanisani mpaka padri akamuuliza kuna nini."

"Mwambie nimeiona mishumaa yake. Sasa sikiliza. Pale kitandani niliweka nadhiri. Nikasema, Mola wangu, ukininyanyua hapa, jambo la kwanza nakwenda Kagera kumshukuru yule shehe aliyemwosha Jabiri na kumswalia. Kama ameshakufa, nitawashukuru watoto wake. Fahadi ameshapata gari. Tunaondoka Jumamosi, na wewe unakaa mbele na dereva, maana ndiye unayeijua njia."

Mzee Felisian akasema, "Ehee."

"Umesikia, kaka?"

"Nimesikia."

"Mbona umepoa hivyo?"

"Jua, dada. Huku jua kali."

Simu ikakatika. Mzee akabaki amesimama katikati ya mihogo, jembe liko chini, hajui hata alikuwa analima kuelekea upande gani. Kwa sababu hakukuwa na shehe. Hakukuwahi kuwa na shehe. Shehe yule alizaliwa mdomoni mwa Felisian mwenyewe, sebuleni kwa kina Tausi, mwaka 1979, na tangu siku hiyo alikuwa anaishi vizuri tu, anaombewa dua kila Ramadhani, mpaka leo alipotafutwa kwa gari.

Tusimsingizie mzee wa watu. Felisian si mwongo. Pale Mugango watu wakigombania mpaka wa shamba, anaitwa yeye aseme ulikuwaga wapi, na akishasema watu wanachukua majembe yao wanaondoka. Uongo wake maishani ni mmoja tu wa maana. Ila na wenyewe, loo, aliutunza.

Jabiri alikuwa kaka yake Tausi, mtoto wa fundi cherehani wa Mwigobero, pale Musoma ufukweni mitumbwi inaposhusha samaki. Felisian alikutana naye Butiama kwenye mafunzo ya mgambo, mwaka ule majeshi ya Nduli, yule dikteta wa nchi jirani, yalipovuka mpaka na kuikalia ardhi yote ya Kagera iliyo ng'ambo ya mto, yakatangaza kwamba ni yao na mpaka sasa ni mto wenyewe. Vijana wakaitwa kila mahali. Siku ya kwanza waligawiwa suruali, na ya Felisian ilikuwa ndefu, kila akipiga hatua anaikanyaga, na mkufunzi anamtukana yeye badala ya kuitukana suruali. Jabiri akamwambia, "Vua." Akatoa sindano na uzi ndani ya kofia yake. Felisian akakaa nyuma ya bwalo na chupi tupu anaona aibu, na filimbi haijalia suruali ilikuwa imeshakaa sawasawa.

Jioni Felisian akaona kijana huyu hali nyama. Akamuuliza, akajibiwa kwamba hajui nani kachinja. Basi Felisian akafungua kifurushi cha dagaa alichofungiwa na mama yake.

"Hawa je?"

"Hawa wanaliwa. Samaki hachinjwi."

"Afadhali," Felisian akasema, "maana kuwachinja hawa mmoja mmoja tungemaliza mwaka."

Jabiri alicheka mpaka akapaliwa. Kuanzia hapo ukimtafuta mmoja unampata wa pili.

Walivuka Mto Kagera pamoja. Waliyoyaona huko Felisian hapendi kuyaeleza: nyumba zimechomwa, ng'ombe wamebebwa, watu wametekwa au wamekimbia, kijiji kizima unapita hakuna hata kuku. Ardhi ilikuwa inarudi kidogo kidogo. Kila jioni waliambizana kwamba kesho tunafika mpakani, tunamaliza, tunarudi zetu Musoma. Na kweli, zilikuwa zimebaki kilomita chache tu kufika mpakani asubuhi ile kipande cha bomu kilipompata Jabiri ubavuni, kwenye shamba la migomba. Hakusema maneno ya kukumbukwa. Alisema, "Feli, hebu ona," kama mtu aliyemwagiwa chai, akakaa chini, akafa.

Kamanda alisema, "Una saa moja. Mzike, utukute mbele." Wengine walikuwa wamebeba majeruhi. Felisian alibaki peke yake na rafiki yake na jembe aliloliokota kwenye nyumba iliyoachwa. Shehe angemtoa wapi? Katika kijiji kile hata mbwa alikuwa hayupo.

Aliporudi Musoma vita ilipoisha, watu wakiwa bado wanaimba barabarani, alikwenda Mwigobero kabla hata ya kufika kwao. Bi Raya, mama yake Jabiri, alikuwa amekaa kwenye mkeka. Hakulia. Alimuuliza mambo mawili tu. "Mwanangu alioshwa? Aliswaliwa?" Alikuwa anauliza huku anamwangalia mdomoni, kama mtu anayesubiri hukumu ya mahakama. Felisian alikuwa na miaka ishirini na tatu. Akasema, "Ndiyo, mama. Tulimpata shehe wa pale pale. Alimwosha, akamvisha sanda, akamswalia. Alikuwa mzee mmoja mwenye ndevu nyeupe."

Ndevu alizileta nani? Mwenyewe hajui mpaka leo. Bi Raya akasema alhamdulillahi, akajilaza pale pale mkekani, akalala. Tausi, msichana wa miaka kumi na minane wakati ule, akamfuata Felisian mlangoni machozi yanamtoka. Akamwambia kwamba mama hajalala usingizi wa kweli tangu habari ilipofika. Akamwambia, wewe sasa ndiye kaka yangu.

Na akawa kaka kweli, si kwa maneno. Kila Idi sinia la pilau lilifika Mugango, hata mwaka wa mvua zile daraja lilipokatika. Gaudensia alipopata uzazi mgumu, wiki tatu alilala kwa Tausi, akahudumiwa kama mwali. Mtumbwi wa Felisian ulipozama, mume wa Tausi, marehemu Hamduni, ndiye aliyemletea nyavu. Watoto wa Tausi wanamwita mjomba, na mkubwa wao, Fahadi, muuza vitambaa wa Bunda na mwalimu wa madrasa, hakuoa mpaka mjomba alipokwenda kumwona mchumba. Yote hayo yalikuja na asante, na kila asante ilikuwa na shehe ndani yake. "Mungu akulipe kwa kumtafutia shehe kaka yangu." Felisian alikuwa anaitikia "amina" huku moyo unamuuma. Sasa akisema kweli, anampoteza dada. Asiposema, Jumamosi atakaa mbele na dereva anaelekeza gari kwa mtu ambaye hayupo.

Alirudi nyumbani bila jembe. Gaudensia alikuwa anapepeta mahindi. Alimtazama mumewe mara moja tu, akaweka ungo chini.

"Nani amekufa?"

"Hakuna aliyekufa. Tausi amepona."

"Sasa hiyo sura ni ya nini?"

Akamwambia. Yote, tangu mwanzo, kwa mara ya kwanza. Gaudensia aliyekuwa ameolewa naye miaka arobaini na mmoja, ambaye alidhani anajua mpaka ndoto zake, alisikiliza ameshika kiuno.

"Nimefikiria kitu," Mzee Felisian akamalizia. "Tukifika kule naweza kusema shehe alishakufa zamani, na watoto wake walihamaga wote. Nimwonyeshe tu kaburi lolote la zamani, aombe dua, turudi."

"Weee!" Gaudensia akapiga makofi. "Yaani mwanamke ametoka kwenye mdomo wa mauti, umpeleke Kagera akalie kwenye kaburi la mtu asiyemjua? Na huyo marehemu naye akiwa mchungaji wa Kilutheri je?"

"Sasa nifanyeje?"

"Kesho asubuhi unakwenda Mwigobero. Ijumaa ni mbali, utaanza kupata homa. Kesho."

"Atanifukuza, mama Raya." Mtoto wao wa kwanza ni Raya, ndivyo walivyompa jina.

"Akufukuze," Gaudensia akasema, na sauti yake sasa imeshuka. "Utakuwa umefukuzwa na dada yako. Lakini usimpeleke kule na uongo. Hiyo hapana, baba."

Kesho yake bodaboda ilimshusha Mwigobero saa tatu asubuhi. Mitumbwi ya kutoka visiwani ilikuwa inashusha mzigo, wanawake wamezingira ndoo za sato, dagaa wametandazwa kila mahali mpaka huna pa kukanyaga. Mzee alizunguka. Aliuliza bei ya kamongo ambaye hana mpango wa kumnunua. Akamsikiliza mwanamke mmoja akigombana na mwenye mtumbwi habari ya furu waliochanganywa na wengine, akaombwa kuamua, yeye mtu wa mipaka, akashindwa hata kuamua furu. Mwisho akajiambia, Felisian, ulivuka Kagera kwa miguu chini ya mabomu, leo unaogopa mlango wa mbao? Akaenda.

"Huyo amekuja!" Tausi alikuwa barazani, amekonda, kanga imemzunguka mara mbili, lakini macho yake ni yale yale. "Ningejua ningekupikia. Fahadi! Mjomba wako huyu!"

Fahadi alitoka ndani na kofia yake na karatasi mkononi, akamwamkia, akamvutia kiti. Alikuwa ametoka Bunda usiku wa jana kwa ajili ya mipango ya safari. Kwenye karatasi alikuwa ameandika vitu vya kubeba.

"Mjomba, tunataka jina tu la kijiji," akasema. "Na la shehe, kama unalikumbuka. Nina mwenzangu anafundisha Bukoba, anaweza kuulizia kabla hatujafika."

"Na umwambie alikuwa na ndevu nyeupe," Tausi akaongeza. "Mimi namwonaga kabisa, kama picha. Kaka, unajua kule hospitali siku waliponiambia nisaini karatasi ya kupasuliwa, nilijiambia, hata nikifa, nitakwenda kumkuta Jabiri safi, ameoshwa, ameswaliwa. Kitu hicho tu kilinipa nguvu. Na ni wewe ulinipa."

Mzee Felisian akasimama. Kisha akaona kusimama kunafanana na kuhutubia, akakaa tena.

"Dada Tausi," akasema, "hakukuwa na shehe."

Tausi akacheka kidogo, akidhani ni utani ambao bado haujafika mwisho.

"Hakukuwa na shehe. Hakukuwa na mtu yeyote. Niliona mama yako anavyoniangalia, nikashindwa. Nilidanganya. Nimedanganya miaka arobaini na zaidi, nimekula pilau yenu kwa uongo. Jabiri nilimzika mimi, peke yangu, na sikujua chochote cha dini yenu. Sikumwosha. Hakuna aliyemswalia."

Tausi alimtazama muda mrefu. Akainuka kwa kujishikilia ukuta, akaingia chumbani, mlango ukafungwa taratibu, na huo utaratibu ndio uliomuumiza Felisian kuliko kama angeubamiza.

"Basi," akasema, akitafuta kofia yake ambayo ilikuwa kichwani. "Mimi ngoja niende, mwanangu. Mwambie mama..."

"Kaa, mjomba," Fahadi akasema.

"Nimeshasema nililokuja kusema."

"Kaa. Nataka kukuuliza, na unijibu kwa sauti, maana yule anasikia." Akauelekezea kidevu mlango wa chumba. "Hukumwosha kabisa?"

Hapo ndipo mzee alipovunjika. Akaanza kulia waziwazi, mtu wa miaka sitini na tisa, mikono imening'inia.

"Nilikuwa na maji, Fahadi. Hilo sijamwambia hata mke wangu. Nilikuwa na chupa yangu ya jeshi, maji nusu. Nikasema nitamfuta uso na ile damu ya ubavuni nikishachimba. Ardhi ilikuwa ngumu, jua limepanda. Nilipomaliza kuchimba nikainua chupa nikayanywa. Yote. Niliposhtuka imebaki tupu. Nikamzika na damu yake vile vile, na vumbi lake, na nguo zake zile zile alizofia. Kila nikinywa maji mpaka leo namkumbuka."

"Sanda?"

"Sanda ningeitoa wapi? Gwanda lake. Nilimfunga vifungo tu, akae vizuri. Alikuwa hapendi mtu asiyefunga vifungo."

"Ulimlazaje?"

"Kama tunavyowalazaga wanaume kwetu. Ubavu wa kulia. Sisi uso tunaugeuza upande ukoo ulikotoka. Sasa wao, baba yao alitoka Tabora, babu alitoka wapi huko mbele ya Tabora, mimi sikujua nimgeuze wapi. Nikamgeuza kule waliokuwa wanakimbilia askari wa Nduli. Nikamwambia, Jabiri, waangalie, wanaondoka, ardhi imerudi."

"Yaani upande gani?"

"Mpakani. Kaskazini. Kichwa mashariki."

Fahadi aliweka ile karatasi chini. Alipoanza kusema, sauti yake haikuwa tena ya kuuliza.

"Mjomba, mimi ni mwalimu wa watoto, si mufti, na ya Mungu anayajua Mungu. Lakini nilivyofundishwa mimi, mtu aliyeuawa vitani akiulinda mji wake dhidi ya dhalimu, tunatarajia kwa Mola kwamba ni shahidi. Na shahidi aliyefia pale pale vitani haoshwi. Damu yake haifutwi, atafufuka nayo. Hatafutiwi sanda, anazikwa na nguo alizofia. Na kwa madhehebu yetu sisi, haswaliwi. Halafu analazwa ubavu wa kulia, uso kibla. Kibla ya huku kwetu iko kaskazini."

Mzee Felisian alimtazama kama mtu anayesomewa barua kwa lugha asiyoijua.

"Kwa hiyo yale maji..."

"Yale maji, mjomba, kama ungemfutia damu ungekosea. Ulifanya vizuri kuyanywa."

"Usinifariji, Fahadi. Mimi si mtoto."

"Sikufariji. Njoo Bunda nikuonyeshe kitabu. Ungekuwa na shehe mwenye ndevu nyeupe angekuelekeza hayo hayo."

Mzee akafunika uso kwa viganja. Mambo ambayo alikuwa ameyabeba kama makosa yake, moja baada ya jingine, yalikuwa yanaanguka chini, na bado haamini, anayatafuta tena kifuani. Halafu akakumbuka.

"Kuna moja umelisahau," akasema kwa sauti ya mtu anayejisalimisha. "Nilimwekea msalaba."

"Msalaba?"

"Mkono ulizoea! Nilikata vijiti viwili, nikavifunga kwa gome la mgomba, nikasimika, nikapiga Baba Yetu, nikaondoka. Nimefika mbali ndiyo nikakumbuka, ala, huyu si Mwislamu? Nikarudi mbio. Mabomu yanalia, kamanda ananisubiri, mimi narudi kung'oa msalaba. Nikaung'oa, nikamwomba radhi, nikautupa kwenye migomba."

Chumbani kikasikika kitu. Mwanzo walidhani ni kikohozi. Ilikuwa ni kicheko, kile cha mtu anayelia na hataki kucheka, kinachomtoka puani. Mlango ukafunguka. Tausi alisimama pale, kanga ameishika mdomoni, macho mekundu.

"Angekucheka huyo," akasema. "Jabiri angekucheka wiki nzima."

"Najua."

"Usiniambie unajua." Kicheko kikakatika. Akaja akakaa, si kwenye kiti chake, akakaa mkekani mbele yake. "Nina hasira na wewe, Felisian. Mama amekufa anamwombea mtu ambaye hayupo. Mimi nimesimama usiku wa Ramadhani mara ngapi, ya Rabbi mrehemu yule shehe. Ungesema. Mama akishakufa, ungekuja ukasema, Tausi, iko hivi na hivi. Ulidhani sisi tunakupenda kwa ajili ya shehe?"

"Nilidhani, ndiyo."

"Basi wewe ni mjinga."

"Ndiyo, dada."

"Hasira yangu nitaimaliza mwenyewe, usiniharakishe. Na huo uongo utaujibu mwenyewe siku yake, hilo mimi simo." Akajifuta uso kwa pindo la kanga. Alipoanza tena, sauti ilikuwa ndogo, ya yule msichana aliyemfuata mlangoni. "Kuna jambo moja sijawahi kukuuliza. Miaka yote hii. Niliogopa jibu. Kaburini, nani aliingia kumpokea?"

"Kumpokea vipi?"

"Maiti inapoteremshwa, kuna anayekuwa ameshuka chini, anaipokea mikononi. Kwa Jabiri nani aliingia?"

Mzee Felisian akafikiri. Kilikuwa ndicho kitu pekee ambacho hakuwahi kukihesabu, si katika makosa wala katika mema.

"Hakukuwa na mtu wa kuniteremshia," akasema. "Nilimlaza ukingoni. Nikashuka mimi. Nikamvuta taratibu mpaka akanijia kifuani, nikamkumbatia hivi, nikapiga magoti naye. Alikuwa mzito. Bega lilimgonga kidogo kwenye udongo, nikamwambia pole."

Tausi alitikisa kichwa, akatikisa tena, machozi yanashuka na hayafuti.

"Kwetu," akasema, "anayeingia mule ni mtu wake wa karibu. Baba angekuwepo angeingia baba. Hilo ndilo lilikuwa linaninyima usingizi, si maji wala sanda. Nilikuwa nasema, shehe alikuwepo sawa, lakini mikono iliyompokea ilikuwa ya nani? Nikawa naona watu baki wanampokea ndugu yangu kama gunia. Nikawa naona aibu kukuuliza." Akavuta pumzi. "Kumbe aliingia ndugu yake."

Fahadi aligeukia barabarani, akajifanya anaangalia nani anapita.

"Safari ya Jumamosi iko pale pale," Tausi akasema baada ya muda, sasa kwa sauti yake ya kila siku. "Utanionyesha hiyo migomba. Lakini nadhiri yangu siipeleki Kagera. Niliweka nadhiri ya kumshukuru aliyemzika Jabiri, na huyu hapa amekaa barazani kwangu, na chai hajapewa."

Akajiweka sawa pale mkekani, akafunga kanga vizuri kichwani kama anayetaka kuswali, akamtazama usoni.

"Kaka Felisian. Nashukuru kwa kumzika ndugu yangu."

Katika nyumba ile Felisian alikuwa ameshashukuriwa mpaka basi, na kila mara alitamani kujificha. Safari hii hakuona pa kujificha wala haja.

"Asante kushukuru, dada," akasema.